Binti yangu ana miaka 22. Je, mahakama inaweza kunirudishia?

Swali: Wakili, mimi ni mama wa watoto wanne, naishi Kisauni. Binti yangu wa pili, mwenye miaka 22, aliacha chuo akiwa mwaka wa pili akaenda Malindi kuishi na mwanamume wa dini tofauti na yetu. Sasa yapata miezi mitatu. Amepiga simu mara moja tu, akasema yuko salama na tusimtafute, lakini nilisikia sauti ya mtu nyuma yake kama anayemwelekeza la kusema. Kaka yangu anataka kwenda na vijana wamrudishe nyumbani, wamfungie mpaka akili imrudie. Kuna mtu anayezunguka pale mahakamani ambaye anasema nikimpa shilingi 40,000 atanitolea amri ya habeas corpus na polisi watamleta binti mpaka mlangoni kwangu. Je, jambo hili lipo kisheria? Nifanye nini?

Jibu: Mama, pole sana. Nitajibu yote, ila kuna moja lisilongoja. Kabla hujamaliza kusoma, mpigie kaka yako umwambie asiende Malindi. Akiingia nyumba ya watu na vijana, akamtoa mtu mzima kwa nguvu na kumleta Kisauni kumfungia chumbani, yeye na waliofuatana naye watakuwa wametenda makosa ya jinai, na wewe mwenye nyumba utaingia humo humo. Zaidi ya hayo, ile amri unayoiulizia itageuka. Yule mwanamume wa Malindi, au rafiki yeyote wa binti yako, ataweza kwenda Mahakama Kuu akasema kuna mwanamke wa miaka 22 amefungiwa Kisauni, na jaji atakuamuru wewe umlete. Nimeziona kesi za namna hii zikianza kwa mzazi aliyekuwa na haki zote za kuhangaika, zikaisha mzazi huyo akiwa ndiye anayejitetea.

Sasa swali lako. Mahakama inaweza kuamuru binti yako aletwe mbele ya jaji. Haiwezi kuamuru akabidhiwe kwako. Mtu anayekuuzia "amri ya kumrudisha nyumbani" anakuuzia kitu ambacho hakipo katika sheria ya Kenya kwa mtu aliyetimiza miaka 18. Kifungu cha 260 cha Katiba kinasema mtu mzima ni aliyefikisha miaka 18, na tangu siku hiyo hakuna mwenye haki ya kisheria ya kukaa naye kwa lazima: si mama, si baba, si mjomba, si mume.

Habeas corpus ni ombi la kuhoji kizuizi. Mtu anazuiliwa, mwingine anakwenda kwa jaji kwa niaba yake, jaji anamwamuru anayemzuilia amlete na aeleze anamzuilia kwa sheria gani. Asipokuwa na sheria ya kuonyesha, aliyezuiliwa anaachiwa. Akishaachiwa anakwenda anakotaka mwenyewe. Ombi hata likiletwa na mama, haki inayolindwa ni ya binti, na neno la mwisho ni lake. Wazazi wengi hulipa pesa na kuvunjika moyo kwa sababu hakuna aliyewaeleza hilo mapema.

Kwetu Mombasa habeas corpus imezoeleka kama silaha dhidi ya polisi. Watu wanakumbuka maombi yaliyopelekwa Mahakama Kuu baada ya msako wa polisi katika msikiti wa Masjid Musa, Februari 2014, au kesi ya watu watatu waliotoweka Kitengela mwaka 2024, ambapo Gilbert Masengeli, aliyekuwa Kaimu Inspekta Jenerali wa Polisi, alihukumiwa kifungo cha miezi 6 kwa kudharau wito wa mahakama, hukumu iliyoondolewa alipofika. Kwa hiyo wengi hawajui kwamba amri hiyo inamfikia hata mtu binafsi. Kifungu cha 389 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai kinaipa Mahakama Kuu uwezo wa kumwachia mtu yeyote anayezuiliwa isivyo halali katika kizuizi cha umma au cha binafsi. Hayo maneno "cha binafsi" ndiyo yanayokuhusu. Yamefuata karibu neno kwa neno kifungu cha 491 cha kanuni ya mwenendo wa kesi za jinai ya India ya 1898, moja ya sheria ambazo Waingereza waliziingiza Afrika Mashariki kutoka Bara Hindi. Katiba ya 2010 ikaongeza uzito: Kifungu cha 51(2) kinampa kila anayezuiliwa haki ya kuomba amri hiyo, na Kifungu cha 25 kinaiweka kati ya haki chache ambazo serikali haiwezi kuzipunguza kwa hali yoyote.

Amri dhidi ya mtu binafsi si jambo geni. Mwishoni mwa 1771, London, ilielekezwa kwa nahodha wa meli aliyekuwa amemfunga minyororo James Somerset ili akauzwe Jamaica, na mwaka 1772 Jaji Mansfield akamwachia huru. Mwaka 1891 katika mji wa Clitheroe, Uingereza, mwanamume aitwaye Jackson alimkamata mkewe Emily akitoka kanisani Jumapili, akampandisha gari la farasi na kumfungia katika nyumba huko Blackburn, kwa hoja kwamba ni mkewe wa ndoa na mahakama ilikwisha kuamuru warudiane. Ndugu wa Emily waliomba habeas corpus. Mahakama ya Rufani ilisema mume hana mamlaka ya kumfungia mkewe, ikamwachia. Nakutajia hii kwa sababu moja: ikiwa jibu la yule mwanamume wa Malindi ni "huyu ni mke wangu", hilo si jibu. Ndoa iwe ya nikaha, ya kanisani au ya kwa msajili, haimpi mtu ufunguo wa kumfungia mwenzake.

Lakini kesi ninayotaka uielewe vizuri kuliko zote ni ya India, kwa sababu inafanana na yako na kwa sababu mahakama yenyewe ilipotea njia kabla ya kurudi.

Mwanafunzi wa tiba kutoka Vaikom, Kerala, aliyelelewa katika familia ya Kihindu, aliingia Uislamu akajiita Hadiya. Januari 2016 baba yake alifungua ombi la habeas corpus katika Mahakama Kuu ya Kerala. Binti aliletwa, akaulizwa, akasema yuko kwenye taasisi ya Kiislamu ya Manjeri kwa hiari yake. Mahakama ikamwacha. Hapo sheria ilifanya kazi yake sawasawa. Agosti mwaka huo baba alirudi na ombi la pili, akihofia kwamba binti atapelekwa nje ya nchi. Wakati shauri likiendelea, Desemba 2016, Hadiya aliolewa na Shafin Jahan. Majaji walikasirika. Tarehe 24 Mei 2017 waliibatilisha ndoa hiyo, wakasema msichana wa miaka 24 ni dhaifu na anaweza kudanganywa kwa namna nyingi, wakamkabidhi kwa wazazi wake. Alikaa nyumbani kwao takriban miezi 6, nyumba ikilindwa na polisi.

Itazame tena hiyo, Mama. Ombi lililobuniwa kumtoa mtu kizuizini lilitumika kumweka kizuizini. Baba alipata hasa kile unachokitamani wewe leo, binti chini ya dari yake. Na ninaamini kabisa kwamba alikuwa baba mwenye mapenzi. Lakini miezi hiyo haikumrudishia mtoto.

Mume alikata rufaa. Tarehe 27 Novemba 2017 Hadiya aliletwa mbele ya Mahakama ya Juu mjini Delhi, akazungumza mwenyewe. Majaji walimuuliza kuhusu masomo yake na mipango yake. Alichoomba kilikuwa uhuru. Aliporuhusiwa kurudi chuoni Salem kumalizia mafunzo, likazuka suala la nani atakuwa mlezi wake huko. Alipomtaja mumewe, Jaji Chandrachud aliona ni lazima aseme kwamba mume si mlezi wa mkewe. Mwanamke mzima hana mlezi. Tarehe 8 Machi 2018 mahakama iliirejesha ndoa, na mwezi uliofuata ikatoa sababu zake kwa urefu: kazi ya jaji katika habeas corpus ni kuhakikisha hakuna anayenyimwa uhuru bila sheria, akishamsikia mtu mzima mwenye akili timamu akisema yuko anakotaka kuwa, kazi imeisha. Jaji hana ruhusa ya kupima kama mume anafaa au kama dini mpya ni ya kweli.

Hukumu za India hazimfungi jaji wa Kenya, lakini hapa kwetu majaji huzisoma na mawakili huzinukuu, na misingi yake iko katika Katiba yetu: Kifungu cha 29 juu ya uhuru wa mtu, cha 32 juu ya imani, cha 39 juu ya kwenda na kukaa popote, na cha 45(2) juu ya mtu mzima kufunga ndoa kwa ridhaa yake.

Sasa nirudi kwenye sauti uliyoisikia kwenye simu, kwa sababu siipuuzi. Mtu anaweza kusema "niko salama" huku ameshikiwa kisu. Anaweza pia kusema hivyo kwa kuwa yuko salama na amechoka kuulizwa, na sauti iliyo nyuma ikawa ya televisheni au ya mwenzake anayemtia moyo. Wewe uliye Kisauni huwezi kujua ni lipi. Hata mimi siwezi. Ndiyo maana ombi hili lina maana kwako, ilimradi ulifungue ukiwa na nia ya kujua na si ya kumrudisha.

Jaji hutafuta dalili za kuzuiliwa: mlango uliofungwa kwa nje, kitambulisho na simu kuchukuliwa, kutoruhusiwa kutoka bila mtu wa kumfuata, vitisho, kupigwa, kupewa dawa asizojua ni za nini. Mlango si lazima uwe na kufuli. Mtu anayeambiwa "ukitoka tu, mdogo wako atadhurika" amezuiliwa hata kama geti liko wazi. Ila kupenda mtu ambaye familia haimtaki si kuzuiliwa, wala kubadili dini, kuacha chuo, kupata mimba, kuishi maisha ya dhiki au kukataa simu za nyumbani. Najua maneno hayo yanauma kuyasoma. Ni afadhali yakuume hapa kuliko mbele ya jaji.

Kabla ya mahakama, mtume mtu. Si kaka yako. Tafuta mwanamke ambaye binti alikuwa akimwamini kabla ya haya yote, shangazi au mama mdogo, au rafiki yake wa chuo, aende Malindi mchana kweupe, apitie kwa mzee wa mtaa au chifu, kisha aombe kumwona binti akiwa peke yake, nje ya nyumba, hata kama ni kwenye kibaraza cha duka. Asiende kumshawishi. Aende na maswali machache ya kawaida: Unatoka ukitaka? Simu unayo? Kitambulisho kiko wapi? Kuna mtu amekupiga au kukutisha? Ungependa kuondoka leo? Kama binti anajibu akiwa peke yake na anayo simu mkononi, umeshapata jibu ambalo mahakama ingekupa, bila kiapo. Kama mjumbe wako anazuiwa mlangoni, au binti analetwa huku mtu amesimama begani pake akimjibia, basi hapo kuna ushahidi. Aandike siku hiyo hiyo: saa ngapi, nani alikuwa mlangoni, alisema nini, binti alionekanaje.

Mjumbe akiona alama za kipigo, au akihisi maisha ya binti yamo hatarini, habari za maombi ziwekwe kando. Aende moja kwa moja kituo cha polisi Malindi, dawati la jinsia, aandikishe ripoti na achukue nambari ya OB, yaani ya kitabu cha matukio cha polisi. Kuna pia laini ya bure ya 1195 kwa wanaodhulumiwa. Polisi wana mamlaka ya kumnusuru mtu aliye hatarini bila kungoja jaji. Mama yeyote mwenye mtoto upande wa Kilifi analikumbuka jina la Shakahola, walikokufa wafuasi wa mhubiri aliyewaambia wafunge: mwaka 2023 ilifukuliwa miili zaidi ya 400 katika msitu huo, na miongoni mwao walikuwamo watu wazima waliokwenda kwa miguu yao. Kwa hiyo simwambii mzazi kwamba hofu yake ni ya bure. Ninachosema ni kwamba hofu ya kifo hupelekwa polisi na huombewa msaada wa haraka, wakati hofu ya mkwe asiyefaa haina mahakama.

Tuseme mjumbe amezuiwa na polisi wamezembea. Sasa fungua ombi katika Mahakama Kuu, Malindi au Mombasa, chini ya hati ya dharura, pamoja na hati yako ya kiapo. Mjibu ombi awe yule unayeamini anamzuilia, kwa jina na mahali anapoishi; ukiwa na sababu, mtaje na OCS, yaani mkuu wa kituo cha polisi. Katika kiapo eleza umri wa binti na uambatanishe nakala ya cheti cha kuzaliwa au kitambulisho. Eleza ulimwona lini mara ya mwisho, yuko nyumba gani, nani alikwenda huko na akakutana na nini, OB ni nambari ngapi. Yale uliyoyaona au kuyasikia mwenyewe yaseme kuwa ni yako, na yale uliyoambiwa mtaje aliyekuambia. Ni bora zaidi shangazi aape kiapo chake mwenyewe. Hiyo sauti ya kwenye simu iandike jinsi ulivyoisikia, usiiongezee chumvi. Ukiapa kwamba binti amefungwa kwa minyororo, kisha akafika mahakamani na simu mkononi na kazi ya kibarua aliyoiacha asubuhi ile, utakuwa umempa yule mwanamume ushindi, na kuapa uongo ni kosa.

Maombi mengi huangukia hapa: mleta ombi hana cha kumwonyesha jaji kwamba mtu huyo yuko mikononi mwa mjibu ombi na kwamba anazuiliwa. Uchungu wa mzazi ni wa kweli, ila hauwezi kujaza pengo hilo.

Jaji akiridhika ataamuru binti aletwe siku fulani. Na hapa kuna jambo ambalo wakili wako asipoliomba unaweza kukosa faida yote ya safari: mwambie aombe binti azungumzwe faraghani, kwenye chemba ya jaji, bila wewe, bila yule mwanamume, na bila ndugu wa upande wowote. Machi 2024 Mahakama ya Juu ya India, katika kesi nyingine iliyotoka Kerala, iliweka mwongozo ambao ningependa uonekane katika kila mahakama yetu: maombi haya yatangulizwe, yasiahirishwe ovyo, mtu aletwe ana kwa ana, jaji ahakikishe wazazi na mjibu ombi hawasikii anachosema, amfanye ajione yuko salama kabla ya kumuuliza, na asigeuke mshauri wa kumtaka apatane na familia. Naona busara kubwa katika hilo la mwisho. Jaji anayeanza kwa kumwambia binti "mama yako analia" ameshamwonyesha jibu analolitaka. Waweza pia kuomba aletwe mapema asubuhi na akae kwanza na afisa wa probesheni mwanamke, apate chai na utulivu, maana mtu aliyeletwa ndani ya gari la anayemwogopa hawezi kufunguka mara tu anapovuka mlango.

Akisema amezuiliwa, ataachiwa hapo hapo. Akitaka kuja kwako, njoo naye. Akitaka kwenda kwa rafiki yake Nairobi, hiyo pia ni haki yake. Baada ya hapo anaweza kumshtaki aliyemfungia, na anaweza kuomba amri ya ulinzi chini ya Sheria ya Kinga dhidi ya Dhuluma za Kinyumbani ya 2015, ambayo inagusa vitisho, kufuatwafuatwa na ndoa ya kulazimishwa, si kipigo pekee.

Akisema yuko anakotaka kuwa, kesi imekwisha siku hiyo. Usimkatie rufaa binti yako. Utakuwa umemwona kwa macho, utajua yu hai na hajaumizwa. Kama atakubali, zungumzeni pale kwenye ukumbi wa mahakama dakika tano, na umwambie mambo mawili tu: kwamba nyumbani pako wazi siku yoyote bila masharti, na nambari yako haijabadilika. Usimuulize kuhusu dini mpya wala kuhusu chuo siku hiyo. Mabinti ambao huja kuomba msaada baadaye, mambo yanapoharibika, huwapigia wale waliowaachia njia ya kurudi bila aibu.

Kuna mambo mawili nayasikia sana kutoka kwa ndugu. La kwanza ni "huyu amelogwa" au "amerukwa na akili, tumpeleke hospitali". Ugonjwa wa akili una sheria yake, na mtu hulazwa bila ridhaa kwa utaratibu unaomhusisha daktari, si kwa kikao cha wajomba. Mwaka 2008 daktari Humayra Abedin, mwanamke wa zaidi ya miaka 30 aliyekuwa akifanya kazi London, alirudi Dhaka baada ya kuambiwa mamake mgonjwa. Wazazi walimzuia, akawekwa katika kliniki ya magonjwa ya akili na kupewa dawa, akaozwa kwa nguvu. Marafiki zake wa London hawakunyamaza. Mahakama Kuu ya Dhaka ikaamuru aletwe, na Desemba mwaka huo ikamwachia na kuagiza arudishiwe pasipoti yake. Hapa petu pia kuna nyumba za "kurekebisha tabia", nyingine zikiwa Eastleigh, Nairobi, ambako vijana, hata waliokwisha pita miaka 18 na walioletwa kutoka Ulaya na Marekani, wamewahi kufungiwa na jamaa zao. Kumpeleka mtu mzima mahali kama hapo, au kumfungia kwa mtu wa kumsomea, ni kizuizi cha binafsi kilicho wazi kabisa.

La pili ni "aliolewa bila walii", yaani bila mwanamume wa familia mwenye haki ya kumwoza Kiislamu. Ikiwa ndoa ilifungwa Kiislamu na mna shaka na usahihi wake, Mahakama ya Kadhi inaweza kulisikiliza chini ya Kifungu cha 170 cha Katiba, ikiwa wahusika wote ni Waislamu na wamekubali mamlaka yake. Kadhi ataamua kuhusu ndoa. Hana uwezo wa kutoa habeas corpus, na hata akiona ndoa ina kasoro, uamuzi huo haumrudishi binti wa miaka 22 chini ya ulinzi wa mtu.

Kwa wasomaji wa Tanzania Bara, hali ni hiyo hiyo kwa sehemu kubwa. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, ina kifungu pacha, ambacho katika toleo la 2019 ni cha 390, chenye maneno yale yale ya kizuizi cha umma au cha binafsi, na Ibara za 15 na 17 za Katiba zinalinda uhuru wa mtu na wa kwenda atakako. Zanzibar ina Mahakama Kuu yake na sheria zake, kwa hiyo aliye Unguja au Pemba aulize wakili wa huko. Kama mtoto hajatimiza miaka 18, popote alipo, haya yote hubadilika: hapo mahakama hutazama maslahi ya mtoto, na mzazi ana msimamo wa kisheria ambao wewe, Mama, kwa binti wa miaka 22, huna tena.

Umebaki mtu wa shilingi 40,000. Usimpe. Katiba, Kifungu cha 22(3), inasema hakuna ada ya kufungua shauri la kudai haki, na kwamba mahakama ikibidi ipokee hata maombi yasiyo na mpangilio rasmi. Kanuni za 2013 zinamruhusu jaji kupokea hata barua. Wakili anaweza kukutoza kwa kazi yake, hilo ni halali, lakini akupe jina lake, ulitafute kwenye orodha ya mawakili wa Law Society of Kenya kuona kama ana cheti cha mwaka huu, na akupe risiti. Kama huna uwezo, nenda kwa FIDA, shirika la mawakili wanawake, au ofisi ya Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria, ubebe cheti cha kuzaliwa cha binti, nambari ya OB kama unayo, na ile karatasi ambayo shangazi aliandika akirudi Malindi.